Mjerumani wa Milangoni

Juzi nilikuwa Gikondo, mjini Kigali, napatana bei ya televisheni kuukuu. Muuzaji, ili kunionyesha kwamba inawaka, aliweka filamu iliyokuwa karibu, na pale kwenye kioo akapita mzee mmoja, mashavu yameshuka, amebeba koti la mtu mwingine. Nikanyamaza. Muuzaji akadhani bei imenishinda, akapunguza. Nikazidi kunyamaza, akapunguza tena.

Yule mzee namfahamu. Ni Mjerumani, mwigizaji wa zile nafasi ndogo ndogo: karani wa hoteli, daktari anayetikisa kichwa, polisi anayemfungulia mkubwa wake mlango. Jina lake sikulijua. Kwetu Nyakabanda tulimwita Mjerumani wa Milangoni.

Jirani yetu alikuwa mpishi wa Wajerumani. Vita ilipoanza mwaka 1990 walifunga mizigo, wakamwachia televisheni, mashine ya video na katoni ya kanda. Basi kila Jumapili baada ya misa tulibanana sebuleni kwake, pananuka makaa na maharage, naye akitutafsiria kwa Kiswahili cha jikoni. Kiingilio kilikuwa sarafu moja. Bibi yangu alilipa kwa karanga za kukaanga, na bado alidai arudishiwe konzi moja kama chenji.

Bibi hakuwa na haja na mabwana wa sura nzuri. "Hawa iko wanapendana tu," alisema. "Huyu ndiyo anafanya kazi." Alikuja na maharage yake ya kuchambua, na mzee akitokea, vidole vilisimama. Kanda hazikuwa na mpangilio, kwa hiyo kazi yake ya miaka mingi ilitufikia imechanganyika: Jumapili hii ana upara, ijayo ana nywele tele, inayofuata upara umerudi. Bibi alisema hayo ni maisha magumu.

Shida ni kwamba mara nyingi alikufa mapema. Alipopigwa risasi mara ya kwanza, Bibi alijitanda kitenge akatoka, na akina mama wote wakamfuata. Jumapili iliyofuata sebule ilikuwa tupu. Jirani akaja kwetu kubembeleza. Alieleza kwamba yule hafi, ameajiriwa kufa, akimaliza anaenda kula. Bibi akamjibu kwamba basi atafutiwe kazi nyingine. Wakavutana mpaka wakaelewana: mzee akikaribia kufa, kanda inazimwa. Ndiyo maana mimi nimekulia filamu zisizo na mwisho. Vijana walipolalamika, Bibi aliwaambia waende vitani wakauone huko.

Mjomba wangu, kitindamimba wa Bibi, alikuwa amepelekwa vitani kaskazini. Redio ilitaja wakubwa wa jeshi asubuhi na jioni. Mjomba haikumtaja, na Bibi hakuacha kusikiliza.

Jumapili moja, mwanzoni mwa 1994, jirani alinyoosha mkono azime kama kawaida.

"Acha leo, mwanangu," Bibi akasema. "Nataka kuona nani atamuulizia."

"Utaumia, mukecuru, bikizee wetu."

"Acha."

Mzee akaanguka kwenye ngazi. Wenye sura nzuri wakamruka, wakaingia kwenye gari, wakaenda zao kuoana. Kila mlango ulipofunguka Bibi aliinua shingo. Ikafika karamu ya harusi, vinywaji vimemiminwa, na jirani akatafsiri polepole: "Bibi harusi anasema, tusianze kula. Yule mzee wa mlangoni bado hajafika."

Kijerumani hatukukijua, lakini macho tulikuwa nayo. Midomo ya bibi harusi ilikuwa imefumbwa. Hakuna aliyecheka. Bibi alitikisa kichwa taratibu, akarudi kwenye maharage yake.

Miezi michache baadaye Kigali yetu ilikwisha. Sebule ile haipo, jirani hayupo, Bibi hayupo, mjomba hakurudi. Nikiwahesabu waliokaa pale, hurudia mara ya pili, nikidhani nimeruka mtu.

Siku hizi filamu zile zina tafsiri iliyoandikwa chini ya picha, na wanasema ni sahihi kabisa. Ya filamu ile nimeisoma yote mpaka harusini. Hakuna anayemuulizia.