Jezi Safi ya Filipo

Nakumbuka Jumatatu moja, mwanangu, nilipofungua gunia la jezi chafu na kujiona nimeshaitazama mechi nzima bila kutoka kwenye kiti changu.

Nilikuwa fundi cherehani pale soko la Warwick, kusini kabisa mwa Afrika, kijana bado, na tayari nilipenda kukaa kuliko paka wa jikoni. Wahenga walisema mtembezi hula miguu yake, nami nilikusudia kuzikwa na yangu ikiwa mizima. Mdogo wangu Filipo, niliyemlea tangu tulipotoka Kigoma, alisoma chuo kidogo upande wa Mobeni. Huko mwalimu mmoja aliyewahi kuishi Marekani aliwafundisha mpira wa kwao, ule unaobebwa kwapani kama mkate na watu wanagongana vichwa wakiwa na helmeti. Nilipouliza lengo ni nini, Filipo alinieleza kwa nusu saa. Nilielewa helmeti.

Timu ile haikuwa na fedha za jezi mpya, kwa hiyo kila Jumatatu zote zililetwa kwangu nishone zilizochanika. Basi nikajifanya mtabiri. Hii ina tope mgongoni, mwenyewe kaangushwa. Hii imepasuka bega, kakamatwa akikimbia. Ya Filipo ililetwa safi kila wiki, imekunjwa, inanukia sabuni. Nami nikampa jina: Bwana Benchi.

"Bwana Benchi, leo umekalia upande gani?" nilimuuliza mbele ya wateja.

Alicheka kidogo tu. "Njoo Jumamosi uone, kaka."

"Nije kukutazama umekaa? Kukaa nakujua mwenyewe, sihitaji mwalimu."

Kimya kingi kina mshindo, lakini mimi nilisikia cherehani tu.

Chuo kile ambacho hakuna aliyekihesabu kilishinda mechi baada ya mechi hadi fainali. Ijumaa Filipo alikuja mezani kwangu akasimama, hakukaa. Akasema siku ya fainali kila mchezaji huingia uwanjani na mzazi wake, wakashikana mkono hadi katikati, jina likatajwa.

"Mimi nina wewe tu, kaka."

Nikamwambia nina suruali tatu za harusi za kushona. Zilikuwepo kweli, mwanangu, ila harusi ilikuwa bado wiki mbili. Ukweli ni kwamba niliona aibu kutembea uwanjani na mtu wa benchi, halafu kufika huko ni kupanda teksi mbili, na jua kali.

Jirani yangu wa meza, Mama Odette wa Bukavu, muuza sombe, kisamvu cha kwao, alisikia yote. "Weye fundi, unakaa kama mafiga," akanambia. "Mutoto anakuita, na unamupa suruali?" Jumamosi akafunika sombe zake kwa turubai, akaenda yeye.

Alirudi jioni, viatu vina majani. Hakunisalimu kwanza, nikajua nimekosa.

"Walishinda," akasema. "Na ile Filipo yako, iko yeye ndiye anasimama mbele, anapasua njia ili mwenye mpira apite. Wanamuangukia watatu, wane. Anaamuka. Kila mara anaamuka. Uwanja mzima wanaita jina yake. Nilimushika mukono mimi, lakini macho yake iko kwenye geti."

"Lakini jezi yake haichafuki."

Akanitazama kama mtu anayetazama sombe iliyolala. "Ukauliza nani anaifua?"

Nilienda nyumbani mapema kuliko Jumamosi nyingine, bila kufunga cherehani. Nilimkuta Filipo uani, bombani, anafua jezi kwa mkono mmoja. Wa pili ulikuwa umefungwa kitambaa shingoni. Maji ya beseni yalikuwa mekundu ya udongo na damu. Kando yake palikuwa na sindano na uzi, maana michaniko midogo aliishona mwenyewe, tena vizuri, kwa mshono niliomfundisha mimi.

"Leta nifue," nikasema.

"Hapana, kaka. Wewe ndiye baba yangu hapa. Nikupe jasho na damu yangu uishike?"

"Miezi yote hii nakuita Bwana Benchi."

"Ulikuwa unacheka. Nilipenda ukicheka."

Nikamwambia msimu ujao sitakosa hata mechi moja. Akakamua jezi, akaitundika kwenye kamba. "Msimu umekwisha, kaka. Mimi namaliza chuo." Baada ya mwezi alipata kazi Cape Town. Mwalimu naye akahama, timu ikafa. Wanasema majuto ni mjukuu. Mimi niliitwa babu kabla sijaoa.

Mwanangu, usimhukumu mtu kwa kile anachokuletea mkononi. Huenda amekifua kwanza kwa heshima yako. Usione vyaelea, vimeundwa, na muundaji mara nyingi amekaa kimya karibu nawe. Kuuliza si ujinga. Ujinga ni wangu, niliyesoma nguo nikasahau kumsoma aliyeivaa. Na mtu wako akikwambia njoo, nenda. Suruali zitangoja. Zile tatu zilikaa msumarini wiki mbili nzima zikinitazama.

Mungu akupe miguu inayotii upesi kuliko yangu. Akupe watu wa kukupenda ukiwa na matope yako. Na siku jina lako litakapotajwa, ukigeuka kutazama geti, umwone mtu wako anaingia.