Matanga ya Rais wa Marekani

Nilipogundua kwamba sauti yangu ya mazoezi imekwenda kwenye kikundi cha simu cha ukoo, jamaa wa Dubai na Unguja walikwisha andika "Inna lillahi", na wa Sur na Nizwa walikwisha fika kwetu Ibra, Omani.

Nilikuwa najitayarishia usaili wa kazi ya kuongoza wageni kwenye kambi moja ya jangwani, Bidiya. Waliniambia nije na maelezo juu ya mtu mashuhuri, mema yake na mabaya yake, na mwisho nitoe hukumu yangu. Mimi sikusoma chuo. Historia nimejifundisha mwenyewe kwenye simu, na kila mara naogopa kwamba kuna jambo wenzangu wote wanalijua isipokuwa mimi. Nikamchagua yule rais aliyeongoza Wamarekani walipopigana wenyewe kwa wenyewe, kwa sababu kila nikianza kumpenda nasoma kitu kinachonifanya nimchukie. Ikawa sentensi ya mwisho siipati, na bila hiyo nilijua kazi nimeikosa.

Huwa nafanya mazoezi kwa Kiswahili kwanza. Kipande nilichokirekodi kilikuwa cha kifo chake, na nilikirudia mpaka sauti ikatoka na kilio cha kutosha: "Alikwenda na mkewe kutizama mchezo, akapigwa risasi kichwani. Asubuhi akafariki. Amerika nzima inalia."

Hakuna aliyeuliza ni nani. Tangu wazee wetu watawanyike kutoka Unguja, kila nyumba ina jamaa Amerika ambaye jina lake halikumbukwi, na kuuliza "nani huyo?" ni kukiri kwamba umekata udugu.

Nikamkimbilia Bibi jikoni. Alikwisha kuteremsha birika kubwa la kahawa.

"Bibi, hapana maiti."

"Yupo. Nimemsikia kapigwa risasi."

"Ni rais, Bibi. Kafa zamani, hata mama yako hajazaliwa."

Bibi akachungulia mlangoni, viatu vimejaa. "Watu wametoka Sur na jua hili. Niwaambie warudi? Chukua tende, twende."

Ndani, shangazi aliyetoka Nizwa alikuwa anajifuta macho. "Marehemu alikuwa mrefu," alisema. "Nilimwona harusini."

"Alikuwa mrefu," nikajibu. Ilikuwa kweli.

"Mwembamba."

"Na ndevu."

"Basi ndo huyo huyo. Mtu mwema sana."

Hapo ningenyamaza. Lakini nikisikia habari nusu, lazima niimalizie. "Aliwaweka watu ndani bila ya kuwafikisha kwa kadhi," nikasema.

"Leo matanga, mwanangu. Maiti hasemwi."

"Na wenyeji wa asili wa nchi ile walioasi, alitia saini wanyongwe. Wengi aliwasamehe, lakini—"

"Si umeona? Ana huruma."

"Lakini waliobaki walinyongwa, shangazi."

"Kwani alikuwa akifanya kazi gani?" akauliza mgeni wa Sur.

"Serikalini," akajibu Bibi haraka, na wote wakatikisa vichwa kama kwamba jambo limeeleweka.

Shangazi akanigeukia. "Hebu taja zuri lake moja, tumwombee."

"Aliwaacha huru watumwa."

Vikombe vikasimama. Karibu na mlango alikaa bi mkubwa mmoja ambaye hukaa hapo hapo kila shughuli. Mama yake alilelewa nyumbani kwetu Unguja, na sijapata kusikia mtu akieleza alilelewa kama nani. Sikuwahi kumsikia akiuliza kitu.

"Wote?" akauliza.

"Mwanzo, wale wa upande wa maadui tu. Wa upande wake aliwaacha walivyo. Alikuwa anahofia mabwana zao."

"Halafu?"

"Halafu sheria ikawafikia wote. Aliipigania mwenyewe."

Akafikiri. "Basi kafanya," alisema. "Lakini hakuwa na haraka."

Shangazi akaanza kukohoa. Bibi akaninyang'anya birika. Kahawa kwetu huanza kwa mgeni mkubwa, aliyekaa juu, mbali na mlango. Bibi alivuka chumba chote, akaanza kwa yule wa mlangoni. Ukitosheka, unakitikisa kikombe. Bi mkubwa hakukitikisa. Alikinyoosha tena, na tena, na Bibi, magoti yake yale yanayomuuma, alisimama akimmiminia, wageni wakingoja zamu zao.

Kwenye usaili niliruka hata kile kipande cha kifo. Mwisho nikasema: "Kafanya, lakini hakuwa na haraka."

Msaili aliweka kalamu chini. "Hukumu hii umeitoa wapi?"

"Matangani kwake," nikasema.

Kazi nimeipata. Shangazi wa Nizwa bado ananiuliza, kila tukionana, kama mjane hajambo.