Siku Niliyokuwa Kihisishi

Mpaka leo nikisinzia mchana naiona sentensi ile ya mchezo wetu wa shule ikitembea. Nomino yuko mbele na koti la babake. Kivumishi yuko nyuma yake, "mrefu, mnene, mtanashati," kama anampigia kampeni. Kiunganishi amewashika watu wawili mikono, hataki waachane. Kitenzi hatulii. Wote wanaelea polepole katika vumbi lenye jua la darasa letu pale mtaa wa Free Area, bila sauti.

Mimi nilikuwa Kihisishi. Neno moja tu: "Lo!" Nomino angeanguka, mimi nishtuke, ndipo Kitenzi akimbie kumwinua. Mwalimu wa Kiswahili alidhani ananihurumia kwa sababu nina kigugumizi. Huruma gani hiyo! Nilinuna wiki nzima. Nilitaka sentensi kamili kama watoto wa watu.

Siku ya wazazi mama aliacha kabichi zake sokoni akaja. Kigugumizi nilikitoa kwake. Nyumbani tulikwama pamoja bila haya, lakini mbele ya watu mama hakufungua mdomo kamwe. Wateja walisoma bei kwenye vidole vyake. Nilitaka anisikie nikilisema neno langu mbele ya wote. Basi, hilo tu.

Nomino akaanguka, tena vizuri. Nikafungua mdomo. "L-l-l..." Ulimi ukagoma. Kitenzi akabaki mguu mmoja hewani. Nomino akafungua jicho pale chini, akanong'ona kwa nguvu, "Harakisha bana, sakafu ni baridi!" Watu wakaangua kicheko. Mwalimu akasogea aseme kwa niaba yangu. Nikatamani ardhi ipasuke inimeze.

Huko nyuma benchi likakwaruza sakafu. Mama alikuwa amesimama.

"M-m-m..." alianza. Vichwa vyote vikageuka. Nilijua jinsi ulimi unavyokuwa mzito hapo, na nilijua angeweza kuketi tu yaishe. Hakuketi. "M-m-mngojeeni!"

Nilimpenda hadi kifua kikauma.

Mwalimu akarudi nyuma. Mama akabaki amesimama tu, kitambaa kimelegea kichwani, ananitazama kama mtu ambaye hana haraka ya kwenda popote.

"Lo!"

Kitenzi akakimbia, Nomino akainuliwa, makofi yakapigwa. Lakini lile neno nilikuwa nimelisema nikimtazama mama.