Biti Namba Nane

Mimi sijui kukaa. Mama yangu husema nilizaliwa nikitafuta mlango, na walimu wangu, mmoja baada ya mwingine, walinitupia ile methali ya haraka haraka mpaka nikaichukia. Hata leo mtu akianza kuitamka, namkatiza kabla hajafika kwenye baraka. Kwa hivyo unaweza kufikiria hali yangu mwaka ule nilipotakiwa kungoja mambo mawili kwa pamoja: jibu la baba ya msichana niliyetaka kumuoa, na kazi nyingine baada ya ile yangu kuisha.

Jibu nililingoja waziwazi. Wazee wangu walikuwa wametoka Ukambani siku za Krismasi, wakabisha hodi kwao msichana, Kinoo, kwa heshima zote, wakala, wakashukuru, na mwisho wakaambiwa, "Mtasikia kutoka kwetu." Januari ikaja, Pasaka ikaja, hatukusikia kitu. Habari ya kazi nayo niliificha. Kampuni iliyokuwa ikinituma kufunga mapazia kwenye ofisi za katikati ya jiji ilituachisha watu watano kwa siku moja, na sikumwambia mtu. Kila asubuhi nilivaa, nikafunga chumba changu pale Riruta, nikaenda mjini kama kawaida. Huko nilitembea tu. River Road juu, River Road chini, Uhuru Park, halafu narudi tena. Kisigino cha kiatu cha kulia kiliisha chote. Jioni msichana, ambaye alikuwa akiuza maua mtaa wa Karen, alinipigia simu kuuliza kazi ilikuwaje, nami nikamjibu, "Sawa tu."

Niliogopa, hilo sitalipamba. Baba yake alikuwa amestaafu serikalini, msimamizi wa majengo, mtu wa kupima kitu mara mbili kabla ya kukikata. Angemtoa binti yake kwa mtu asiye na mbele wala nyuma? Niliona heri nipate kazi nyingine kwanza, halafu mambo ya nyuma yajifie yenyewe.

Katika wiki ya tatu ya kuzurura kwangu, siku ya Jumamosi, simu ikalia. Alikuwa mzee mwenyewe.

"Nasikia uko na ile mashine ya kutoboa simiti," akasema. "Kuja nayo. Mama anaumwa na goti, nataka kumuekea chuma ya kushika hapa kwa ngazi."

Mashine ilikuwa yangu, si ya kampuni, na ndiyo mali pekee niliyoweza kuiita mali. Nilifika Kinoo kabla chai haijachemka. Hilo lilikuwa kosa, kwa sababu nililazimika kuketi nikiingoja. Mzee aliongea juu ya mvua, juu ya mahindi, juu ya jirani aliyejenga ukuta ukaingia kwa barabara. Mimi goti langu lilikuwa likicheza chini ya meza mpaka kikombe kikaanza kulia juu ya kisahani. Aliangalia kikombe, akaniangalia.

"Wewe kijana, hiyo ngazi haiendi mahali."

Nikasema ni kweli, nikashika goti kwa mkono. Msichana alikuwa jikoni akisukuma chapati. Alichungulia mara moja mlangoni, akarudi bila kunicheka, na mimi nilikuwa nimezoea kuchekwa.

Hatimaye tukatoka nje. Chuma chenyewe kilikuwa tayari, bomba refu lililochomelewa vibao vya chuma kwenye ncha zote mbili, na boliti alizonunua zilitaka tundu la namba nane. Nilichomeka waya, nikafungua kisanduku cha mashine. Mzee akainua mkono ningoje, akaingia ndani, akarudi na kifurushi cha gazeti lililolowa mafuta. Ndani mlikuwa na biti zake, vile vyuma vya kutobolea, zimepangwa kuanzia ndogo hadi kubwa, safi kuliko vijiko vya nyumba nyingi.

"Hizi nilianza nazo kazi," akasema, akachagua moja. "Hii namba nane haijawahi kuniangusha. Weka hii."

Sasa lazima nieleze kidogo. Mashine yangu haibani biti kwa ufunguo kama zile za zamani. Biti zake zina mkia wenye mifereji. Unafuta mkia, unaupaka grisi kidogo, unausukuma ndani ya mdomo wa mashine huku ukiuzungusha mpaka usikie "kach," kisha unauvuta uone kama umeshika. Ukitaka kuitoa, unarudisha nyuma ile pete ya mdomoni na biti inatoka, na hapo uwe na kitambaa, maana huwa ya moto. Kazi ya sekunde tano, na labda ndiyo sababu niliipenda. Biti ya mzee ilikuwa na mkia wa mviringo, laini, wa mashine za enzi zake. Kwenye mdomo wa mashine yangu ingecheza kama mguu wa mtoto ndani ya buti la baba yake. Na ndani ya kisanduku changu, chini ya kitambaa, ilikuwako biti yangu mwenyewe ya namba nane, yenye mifereji yake yote.

Ningesema nini? Mtu hujampata binti yake bado, anakupa kitu cha heshima yake kwa mkono wake wa kulia, wewe umwambie hakifai? Nilisema, "Sawa, mzee."

Nikaomba mkasi na mkebe mtupu wa mafuta ya kupikia. Nikakata kipande cha bati, nikakizungusha kwenye mkia wa ile biti, nikaisindilia mdomoni kwa nyundo. Mafundi wengi hufanya hivyo wakikwama, nami nilikuwa nimewacheka mara nyingi. Mzee alitazama bati lile, akakunja uso.

Nikaielekeza kwenye nguzo ya simiti kando ya ngazi, na mwanzoni ilikwenda. Vumbi jeupe likatoka, mzee akaitikia kwa kichwa, nami nikaanza kujisifu moyoni. Kisha biti ikagonga nondo. Ikasimama palepale huku mashine ikiendelea kuzunguka, bati likasagika kwa mlio uliowakimbiza kuku. Nilipovuta, mashine ilikuja peke yake. Biti ilibaki imechomoza kwenye nguzo.

Hapo ningepaswa kutulia nifikirie. Sikutulia. Nilichukua nyundo nikaigonga kulia, nikaigonga kushoto, mzee akisema "pole pole," nami nikizidisha, mpaka ikakatika. Nusu ikabaki ndani ya simiti, nusu ikaanguka miguuni pake.

Aliinama, akaiokota, akaipangusa vumbi kwa kidole gumba. Nilitamani anitukane. Badala yake alienda kwenye kisanduku changu atafute koleo, akainua kitambaa, akasimama na biti yangu mkononi. Akasoma namba iliyoandikwa kwenye shingo yake. Akageuza mkia, akapapasa mifereji, akatazama mdomo wa mashine uliojaa bati lililosagika. Mtu aliyesimamia mafundi miaka yote hiyo hakuhitaji kuelezwa.

"Na hii ni nini?"

"Ni namba nane, mzee."

"Ilikuwa hapa saa ile yote?"

"Ndiyo."

"Na ulijua yangu haiingii."

"Nilijua. Niliona ni vibaya kukukatalia."

"Kwa hivyo ulikuwa unaniangalia tu nikikosea." Hakupandisha sauti. "Mimi nimefanya kazi na watu wengi, kijana. Yule wa kuniambia 'mzee, hapo umekosea' nilikuwa nampenda. Yule wa 'sawa, mzee' ndiye aliangusha ukuta."

Roho yangu ilikuwa juu juu tangu wiki tatu zile, na maneno hayo yakaimaliza. Sikupanga kusema. Yalitoka tu, nikiwa bado nimeshika nyundo.

"Mzee, hata kazi sina. Tuliachishwa. Kila siku naenda mjini kutembea."

Akanichukua nyundo mkononi, akaiweka chini.

"Msichana anajua?"

"Hapana."

"Sasa mbona unaniambia mimi? Ni mimi utaoa?" Akaelekeza jikoni kwa kile kipande cha biti. "Enda umwambie. Mimi natafuta koleo."

Toka kwenye ngazi mpaka jikoni ni hatua kumi na tano hivi, na ndiyo safari pekee maishani mwangu niliyotaka iwe ndefu. Alikuwa amenipa mgongo, anageuza chapati. Mama yake alikuwa sebuleni, ameinua goti juu ya kigoda. Nilisema yote kwa pumzi moja, kampuni, watu watano, River Road, zile "sawa tu" za kila jioni. Nikamwambia naona aibu. Nikamwambia naogopa baba yake atakataa.

Aliendelea kugeuza chapati.

"Nilijua," akasema. "Ile wiki ya kwanza simu yako ilikuwa imezima, nikapigia ofisi yenu. Wakaniambia huko hauko tena."

"Na hukusema?"

"Nilikuwa nangoja useme. Kila jioni nakuuliza, kila jioni sawa tu. Nikikasirika, sawa. Nikikosea, sawa. Sijui hata siku moja kitu iliyo kwa roho yako." Aliondoa chapati kwenye moto, akaweka nyingine. "Na baba usimwogope. Baba alikubali tangu Krismasi. Ni mimi nilimwambia angoje mpaka nikujue vizuri."

Miezi yote ile nilikuwa nikimlaumu mzee. Nilikuwa nimemsema vibaya kwa wazazi wangu, kwa marafiki, na kwa binti yake huyo huyo, naye akisikiliza. Lile neno langu la kila siku likanijia mdomoni. Nikalimeza.

"Si sawa," nikamwambia. "Imeniuma."

Alinigeukia, unga kwenye shavu, macho yamejaa machozi. Akaketi kwenye stuli, akanisogezea nyingine kwa mguu.

"Haya," akasema. "Endelea."