Radhia Namjua, Gunda Ni Nani?

Nakumbuka asubuhi moja hapa Doha, nikiwa bado kijana, nimeshika usukani wa gari kubwa jeupe ambalo halikuwa langu. Nyuma yangu aliketi bibi mmoja wa Kiqatari, mama wa tajiri yangu Khalid, tukimwita Umm Khalid. Nilikuwa namtoa nyumbani kwao Al Rayyan kumpeleka kliniki kwa ajili ya goti lake. Njiani akaniuliza jambo nisilokuwa na jibu lake, na mwanangu, mimi si mtu wa kukosa jibu.

Lakini kabla ya swali, ujue kwanza, wewe mgeni wa jana, anayesema nawe ni nani. Mimi nimetoka Ruvuma, upande wa Songea. Darasa la saba sikulimaliza. Nilikuja nchi hii kubeba zege, nikalala Sanaiya, kule kwenye makarakana na kambi za wafanyakazi, chumba kimoja tumejazana mpaka kugeuka usingizini kunahitaji makubaliano. Kiarabu nilikiokota kwa masikio. Kuendesha gari nilijifunza kwa kuwatazama wenzangu miguu. Leo ukifika Sanaiya ukauliza karakana ya Abu Rade, anayetengeneza viyoyozi vya magari, hata paka wa pale atakuonyesha. Wahandisi wenye vyeti vya kuning'iniza ukutani wananiletea magari yao. Utasema najisifu. Ndiyo, najisifu, na nimeyatolea jasho. Ila hilo jina la Abu Rade, yaani Baba Rade, lilinisumbua kulipata kuliko karakana yenyewe.

Basi, siku zile mke wangu Stella alikuwa mfanyakazi wa ndani katika nyumba ileile niliyokuwa dereva. Ndiko tulikojuana, na kanisani tulikwenda kufunga ndoa kwa ruhusa yao. Sasa alikuwa na mimba kubwa, na kipimo kilikuwa kimesema ni binti. Karatasi za mtoto kukaa hapa zilihitaji saini ya tajiri, na tajiri huyo alikuwa hasaini jambo lolote la nyumbani mpaka mama yake atikise kichwa. Bila saini, Stella angerudi Songea na mtoto, nami ningebaki hapa nikimlea binti yangu kwa simu.

Ndipo Umm Khalid akaniuliza, "Huyo binti mtamwita nani?"

"Radegunda," nikasema kwa fahari.

Alilirudiarudia chini kwa chini mpaka tukapita taa mbili.

"Radhia namjua," akasema. "Shangazi yangu alikuwa Radhia. Huyu Gunda ni nani?"

"Ni jina moja, mama. Radegunda."

"Maana yake?"

Mwanangu, hapo nilishikwa. Watu wa hapa hawampi mtoto jina lisilo na maana. Noora ni nuru, Amina ni mwaminifu. Hata sisi Waswahili tuna Neema, tuna Tumaini, tuna Sikujua, na kila mtu anaelewa kilichotokea nyumbani siku ile. Lakini kwetu Songea, misheni ya Wajerumani ilituachia majina kama ilivyotuachia matofali ya kuchoma. Ukiita Walburga au Edeltruda sokoni, wanawake kadhaa wanageuka na vikapu vyao. Hakuna anayeuliza maana. Mimi mwenyewe, kwa kuwa gunda ni baragumu, nilidhani utotoni kwamba mama yangu, ambaye ndiye mwenye jina hilo, ameitwa hivyo kwa ajili ya sauti yake.

"Maana yake ni mama yangu," nikamjibu Umm Khalid.

Hakucheka. Nilimwona kwenye kioo amenikazia macho.

"Mama yako ni mtu. Mimi nimeuliza jina," akasema. "Dukani unaligeuza kopo la samaki usome kilichomo. Mtoto wako unamtwika neno ambalo hukuligeuza?" Kisha akatoa hukumu yake. "Niletee maana ya kueleweka, nami nitamwambia Khalid asaini. Usipoipata, mwite Noora, jina la mama yangu, na atasaini pia. Lakini usije kwangu na neno tupu."

Jioni nilimweleza Stella. Alikuwa amekaa kitandani, miguu imevimba, ameiweka juu ya ndoo iliyopinduliwa.

"Sasa Noora lina ubaya gani, baba nanii? Mpe bibi wa watu jina lake, mtoto apate karatasi, tulale."

"Halina ubaya. Si la kwetu."

"Na Radegunda ni la kwetu? La Wajerumani lile."

Mwanamke ana ulimi huyu. Nikamwambia jambo ambalo mpaka leo nalisimamia. Nilimwambia, "Jina hilo limelima mahindi Songea. Limechota maji, limefiwa na mume, limenizaa mimi. Likishafanya yote hayo ni la kwetu. Kilichobaki ni kujua tu lilitoka kwao limebeba nini."

"Haya, kalitafute," Stella akasema. "Ila ujue mimi sirudi Songea na mtoto mgongoni kwa sababu ya ubishi wako."

Nikampigia simu mama. "Mama, jina lako maana yake nini?"

"Maana yake ukiitwa uitike," akanijibu. "Sista mzee wa misheni ndiye aliyelichagua. Walisema ni la binti wa mfalme. Nilikuwa mchanga wa kubebwa, ningemuuliza vipi?" Halafu sauti ikabadilika. "Kuna mtu anakusumbua huko?"

"Hapana, mama."

"Usinidanganye. Kama yupo, usipayuke. Kaa chini kwanza."

Hiyo ndiyo hazina yote niliyopata kwa mwenye jina mwenyewe. Mwingine angekata tamaa. Mimi nilikumbuka kwamba anayemfanyisha Umm Khalid mazoezi ya goti kule kliniki ni mama wa Kijerumani mwenye mvi. Nilikuwa nimemsubiri bibi nje ya kliniki ile muda wote ule, na nilichokuwa nakitafuta kimekaa upande wa pili wa ukuta.

Safari iliyofuata sikubaki garini. Nilibeba mkoba wa bibi nikaingia naye mpaka ndani. Palikuwa na nesi wa Kenya, Akinyi, mtu wa Kisumu, ambaye ndiye aliyekuwa akinisalimia kwa Kiswahili kila nilipomshusha bibi mlangoni.

"Sista," nikamnong'oneza, "niulizie huyo mama jambo."

"Kama unatafuta kazi ya kumwendesha, hana gari. Anakuja na teksi."

"Nataka maana ya jina. Radegunda."

"Hiyo ni jina ama ni ugonjwa?" akasema Akinyi, lakini aliuliza.

Yule Mjerumani alikuwa ameshika goti la Umm Khalid. Aliposikia, mikono ilisimama. Akaniomba nilirudie, nikalirudia. Akatabasamu kama mtu aliyekutana na jirani wa zamani uwanja wa ndege.

"Anasema hiyo jina ameisoma kwa makaburi tu," Akinyi akatafsiri. "Anasema hajawahi iona ikitembea."

"Mwambie Songea inatembea, na inabeba kuni."

Ndipo akaeleza. Yeye kwa Kiingereza, Akinyi kwa Kiswahili, mimi kwa Kiarabu changu cha kuokota, mpaka imfikie bibi aliyelala kitandani goti limekunjwa. Ni maneno mawili ya kale ya Kijerumani yaliyofungwa pamoja. Rad ni shauri, ni mpango anaoutoa mtu mwenye akili. Gund ni vita. Na kweli alikuwako binti wa mfalme wa jina hilo, zamani mno, aliyetekwa vitani angali mtoto. Akaozwa kwa mfalme yuleyule aliyemteka, na mwisho akamwacha na jumba lake, akaenda kuishi kitawa na kuuguza wagonjwa.

"Ngoja kwanza," Akinyi akasema. "Rad ni mpango? Si hiyo ndiyo rada? Sisi kwetu mkikutana unaulizwa, rada? Yaani mpango ni gani. Na ukiambiwa kaa rada, uwe macho. Huyo mtoto wako ako rada tangu tumboni."

Sidhani kama neno la vijana wa Nairobi na neno la wafalme wa Kijerumani yana undugu wowote, lakini siku ile yalikaa benchi moja. Nikacheka. Aliyekuwa hacheki ni Umm Khalid.

"Shauri, sawa," akasema. "Vita? Juu ya mtoto wa kike?"

Akauvuta mguu wake kutoka mikononi mwa yule Mjerumani, akaanza kutafuta viatu. Niliiona saini ikiondoka navyo.

Akinyi hakujua Kiarabu, lakini uso wa bibi aliuelewa. Akaniinamia sikioni. "Mwambie ulikosea, brother. Sema ni ua. Ua la mlimani. Nani atajua?"

Hakuna ambaye angejua. Nilikuwa mimi peke yangu niliyesimama kati ya lugha zile, na neno moja la uongo lingetosha. Lakini fikiria, mwanangu: nimezunguka kote kutafuta maana, nimeipata, kisha niitupe nimtwike binti yangu ua ambalo halikuota popote? Nikakaa chini, kama mama alivyosema. Nilikaa sakafuni kabisa, karibu na viatu vya bibi, nikamsimulia.

Nilimwambia baba yangu alipofariki, ndugu zake walikuja kuchukua shamba. Mama hakupayuka. Aliwakaribisha, akachinja kuku, akasonga ugali. Walichokuwa hawakijui ni kwamba alikuwa ameshapita nyumba kwa nyumba kuwaalika majirani wote waliopakana na shamba, wazee waliomwona yeye na baba wakifyeka pori lile. Watu wakakaa, wakanawa, wakaanza kula. Shemeji zake walipokuwa na matonge mdomoni, ndipo alipowauliza majirani, mmoja baada ya mwingine, kwa upole kabisa: shamba hili nani alilifyeka? Na kila mmoja akajibu, huku shemeji hawawezi kukatiza kwa sababu wanatafuna. Wakamaliza kuku, wakaaga. Shamba lipo mpaka leo.

"Hakurusha hata jiwe," nikamwambia bibi. "Vita vilikuja vyenyewe mlangoni kwake. Yeye alikuwa na shauri. Ndiyo maana ya jina, na ndilo nililosema tangu mwanzo kwamba maana yake ni mama yangu."

Yule Mjerumani hakuelewa neno lakini aliikunja mikono yake mapajani, kwa heshima.

"Na mimi shemeji zangu walikuja," Umm Khalid akasema hatimaye. "Mume wangu hata arobaini haijaisha. Mimi sikupika. Nilipiga kelele mpaka sauti ikakauka, na nusu ya mitende yetu ya kule Umm Salal walichukua." Akakiacha kiatu, akarudisha mguu kitandani. "Kuku angekuwa bora."

Akamwashiria mtaalamu aendelee na goti. Kisha akaniambia bila kunitazama, "Mwandikeni. Ila hiyo Gunda ulimi wangu hauiwezi. Mimi nitamwita Rade."

Khalid alisaini. Karani akaniambia Kiarabu hakina herufi ya g yetu, akaiweka ghaini, kwa hiyo kwenye kitambulisho binti yangu ni Radeghunda, kama mtu anayesukutua koo. Nimeridhika. Na nilipofungua karakana, Khalid huyohuyo akinisimamia leseni, niliandika jina zima, Radegunda, juu ya mlango. Mchora vibao alinishauri nilifupishe. Nikamwambia anunue rangi zaidi.

Mbona nakuambia haya leo? Kwa sababu binti huyo sasa yuko mapokezi ya hoteli moja hapa mjini, na majuzi alinipigia. Meneja amemtengenezea kibandiko cha kifuani, kimeandikwa Rose. Anasema wageni hawataweza kutamka Radegunda.

"Wageni haohao wanaagiza kahawa zenye majina marefu kuliko lako," nikamwambia. "Wewe unasemaje?"

"Mimi nimemwomba dakika moja nimweleze maana yake."

"Akasemaje?"

"Amesema dakika moja anayo."

Amenitumia picha. Herufi ni ndogo, zimebanana kutoka ukingo hadi ukingo, lakini zipo zote.

Sasa nisikilize, mwanangu, wewe uliyekuja huku jana na tayari umeshakuwa Sam, au Lilly, kwa sababu msimamizi ana haraka. Jina lako ligeuze ulisome, kabla mtu hajakuuliza ukabaki unatazama barabara. Wazazi wako wasipojua, tafuta. Uliza mapadri, uliza masheikh, uliza mgeni aliyelala kitanda cha jirani. Ukishaijua maana, usiipambe kwa uongo ili upendwe. Simama nayo ilivyo, na kama inatisha, kaa chini uieleze. Usimwache mtu alikate jina lako kwa kuwa ulimi wake mvivu. Anayekupenda akilifupisha kwa mapenzi, kama bibi yule, mruhusu, huyo amekwisha kulisikiliza lote. Na siku utakayopata mtoto, mpe jina utakaloweza kulielezea ukiwa umekaa sakafuni, mbele ya mwenye saini.

Mama yangu amekwisha kutangulia. Kaburini tuliandika jina lote, na hapa Doha linatembea.

Nenda basi kazini, gari la kampuni lisikuache. Mungu akujalie shauri kabla ya vita, akupe watu wa kukushuhudia wakati wenye nguvu wanatafuna, na siku utakapoitwa kwa jina lako lote, akupe sauti ya kuitika.