Rangi ya Saa na Tope la Meja

Siku yangu ya kwanza kazini nilifika karakana ya Bugolobi na cheti cha chuo cha Kyambogo ndani ya bahasha, viatu vimeng'arishwa, kichwa kimejaa majivuno. Fundi Mkuu hakukitazama cheti. Alinionyesha kibao kilichopakwa rangi ya kijivu, akaniita bibi kwa Kiganda: "Nnyabo, usipige chafya hapa. Bado mbichi." Nikapiga chafya. Tangu hapo, kila ilipofika saa ile, kibao kilipiga chafya yangu, na karakana nzima ikaniombea afya.

Ndivyo nilivyoijua rangi ya saa. Ninyi vijana mna simu za kupigia picha, mnadhani mmefika. Sisi tulisaga udongo wa kijivu, tukauchanganya na mafuta ya kitani hadi uwe mzito kama uji wa mgonjwa, tukapaka ukutani. Rangi hii ikiwa mbichi hunywa lolote linalotokea mbele yake. Ikikauka, hulirudia kila siku saa ileile. Kulirekebisha, unalowesha mahali pale kwa tapentaini, kisha unaliburura kwa brashi bapa. Kazi hiyo tuliiita kuvuta. Tukio halifutiki hata ufanyeje, bali huhama: kutoka saa hii kwenda nyingine, au kwa mtu mwingine aliyeridhia. Walioliona hulikumbuka kwa sura yake mpya, isipokuwa sisi mafundi, ambao moshi wa rangi ulikwisha kutuzoea. Asiyekuwepo, kumbukumbu yake haiguswi.

Kituo changu cha kwanza kilikuwa hospitali ya Mulago, ambako wauguzi waliniomba nivute vilio vya watoto wachanga kutoka usiku viende mchana. Nilipendwa sana kule, hasa na waliolala usiku.

Kisha tukaitwa kambini. Wanajeshi walikuwa ndio serikali, na Meja, mkubwa wa kambi, alitaka gwaride lake la nishani libaki ukutani milele. Mvua ilikuwa imenyesha. Meja alipiga saluti, akarudi nyuma hatua moja kwa madaha, akakaa kwenye tope mbele ya wageni na bendi. Rangi ikanywa.

Kuanzia kesho yake, kila saa nne asubuhi, Meja wa ukutani alikaa kwenye tope. Askari walikuja na vikombe vya chai kutazama. Hakuna aliyethubutu kucheka. Kambi nzima ikashikwa na kikohozi.

Meja akamwita Fundi Mkuu. "Mzee, hii ukuta nacheka mimi! Toa hii kitu. Kama hapana toka, wewe naingia kwa buti ya gari."

Waliotiwa kwenye buti za magari miaka ile hatukuwaona tena.

"Afande, haitoki," nilisema. "Inahama tu."

"Basi peleka kesho!"

Nikaivuta. Kesho yake Meja mwenyewe, si wa ukutani, alikaa kwenye tope mbele ya mama mkwe wake, aliyekuja kumsalimia na kapu la matoke. Akaja kwetu amelowa, gari nyuma yake, buti limeshafunguliwa. Wanajeshi wawili wakamshika Fundi Mkuu mikono.

"Nnyabo," akaniambia Fundi Mkuu taratibu, "nivutie mimi hiyo."

Nilikataa. Mzee yule alikuwa hajawahi kuanguka, si kwenye ngazi, si kwenye jukwaa la kupakia rangi, na Kampala nzima ilimjua kwa hilo. Lilikuwa ndilo jina lake.

"Najua," akasema. "Lakini tazama lile buti na utazame tumbo langu. Vuta, mwanangu."

Nikavuta huku nikilia. Ukutani, Meja akasimama wima na saluti yake. Nyuma yake Fundi Mkuu akakaa kwenye tope, kopo la rangi mapajani. Meja alitazama, hasira ikamsahau palepale. Akacheka mpaka akashika ukuta. "Mzee, wewe nakunywa waragi asubuhi?" Wakamwachia, wakafunga buti, wakaondoka.

Tangu siku ile akaitwa Fundi Tope. Hata alipostaafu, wakubwa waliomuaga walisimulia kisa hicho kabla ya kumpa redio ya zawadi. Mimi nilikasirika kila mara. Yeye alicheka kuliko wote. "Nyamaza," alininong'oneza. "Niko hai, nasikia wanavyocheka."

Nami nimestaafu. Rangi ile hakuna anayeichanganya tena, na sijui kama naisikitikia. Fundi Mkuu alifariki mwaka jana, mzee aliyeshiba siku, kitandani mwake. Msibani mwanawe mkubwa alisimulia jinsi baba alivyokaa kwenye tope mbele ya Meja, watu wakacheka huku wakifuta machozi. Sikuvumilia. Nikasimama ili niseme kweli.

Mjane wake, Mama Kato, akanivuta upindo wa gomesi langu. "Kaa chini, nnyabo. Wacha wacheke. Yeye alikuwa napenda."

Nikakaa. Akanisogelea sikioni.

"Suruali ya ile siku mimi ndiyo nilifua," akasema. "Tope hakuna."