Piano Ndani ya Droo ya Karani

Juzi, katika ofisi ya zone, yaani kanda, ya Kizuka, ndugu wawili waligombea shamba la michikichi mbele ya wapatanishi na sisi majirani. Mkubwa alibaki nchini wakati wa vita. Mdogo karudi kutoka ukimbizini Tanzania. Mkubwa alimnyooshea mwenzake kidole usoni. "Wewe si ndugu yangu!"

Mara piano ikalia kutoka droo ya karani. Nota chache tu, polepole, na kimya kirefu katikati. Huku kwetu muziki wa namna hiyo tunausikia redioni, kabla ya matangazo ya vifo. Kidole kikashuka. Mdogo akavua kofia. Sote tukangoja jina la marehemu.

"Mama," mkubwa akanong'ona. Mama yao amelazwa Bujumbura. Mdogo akamshika mkono.

Piano ikanyamaza. Jina halikuja.

"Nani amekufa?" mkubwa akauliza.

"Hakuna mutu, muzee," karani akajibu kwa aibu, akitoa simu yake kwenye droo. "Iko muziki tu ya simu."

Wapatanishi wamewahubiria hawa wawili tangu masika. Piano haikumaliza hata dakika.

Karani akafungua faili. "Tulifika wapi?"

Sote tulikumbuka vizuri sana. Hakuna aliyemwambia, na ile mikono ilikuwa bado haijaachana.